Nyota Haimdai Mtu

Mwaka 2015 watafiti kadhaa walilinganisha elimu ya nyota, jenomiki, YouTube na Twitter: ipi itakuwa na data nyingi zaidi ifikapo 2025? Walibashiri kwamba jenomiki italingana na nyingine au kuzipita. Ulinganisho huo bado unanikera. Ni kupima bahari na kisima kwa ndoo, bila kuuliza kisima ni cha nani.

Sina ugomvi na anga. Tarehe 12 Desemba 1970, setilaiti ya kwanza iliyotengwa kuchunguza eksirei za angani ilirushwa kutoka jukwaa la baharini karibu na Malindi. Ikaitwa Uhuru, kwa kuwa Kenya ilikuwa ikiadhimisha siku hiyo. Data zake zilisaidia kuwaelekeza wanasayansi kwenye Cygnus X-1, ambayo leo tunajua ina shimo jeusi. Cygnus X-1 haikuombwa ridhaa, wala hakuna mama yake aliyesubiri nje ya wodi.

Mdogo wangu ana selimundu. Alipokuwa na miaka tisa alitolewa damu ya utafiti. Mama alitia sahihi karatasi ya Kiingereza asichokijua. Waliahidi kurudi na majibu. Hawakurudi.

Damu ya watu wetu imefundisha mengi. Mwaka 1954 Anthony Allison, aliyekulia Kenya, alitumia damu ya watu wa Afrika Mashariki kuonyesha kwamba aliyerithi selimundu kwa mzazi mmoja tu hupata kinga fulani dhidi ya malaria. Mwishoni mwa 2023, Uingereza na Marekani ziliidhinisha Casgevy, tiba ya selimundu inayohariri jeni za mgonjwa. Marekani bei yake ilitangazwa kuwa dola milioni 2.2. Mama anauza vitumbua.

Mtanijibu kwamba utafiti huchukua miaka, na si kila sampuli huzaa dawa. Kweli. Lakini kurudi kusema "hatujapata kitu" hakuhitaji kompyuta kubwa.

Kwa hiyo msiniambie fani hizi ni ndugu eti kwa sababu zote zinajaza kompyuta. Mwanaastrofizikia akikaa kimya, nyota haipungukiwi na kitu. Mwanajenomiki akikaa kimya, kuna mtu anamdai. Nakala ya ile karatasi bado iko kwenye kabati la mama, chini ya vyeti vyetu vya kuzaliwa.