Jumapili ya Mfanyakazi

Katika mwaka wa 1930 ilionyeshwa mjini Berlin, Ujerumani, filamu isiyo na sauti iitwayo Menschen am Sonntag, yaani Watu Siku ya Jumapili. Hamna mfalme ndani yake, wala bastola. Wamo dereva wa teksi, msichana muuza sahani za santuri, mchuuzi wa mvinyo na wenzao wawili, ambao hawakuwa waigizaji. Juma lote walikuwa kazini, na picha wakapigwa siku za mapumziko.

Wanafanya nini? Wanakwenda ziwani, wanaogelea, wanataniana, wananuniana, na jioni wanarejea mjini. Mwenzi wa dereva amelala usingizi mchana kutwa. Wako watakaocheka. Sisi hatucheki, kwa kuwa kila aliyesimama juma zima mbele ya mashine anaujua usingizi huo.

Mara nyingi mfanyakazi hutoa kiingilio chake kutazama fahari ya matajiri, akatoka akiyaona maisha yake si kitu. Filamu hii yamweka yeye mbele, na mapumziko yake yahesabiwa kuwa jambo kubwa. Ndivyo yalivyo, tena hayana ulinzi ila wa wenyewe. Mwaka 1933 Hitler alishika serikali, na mwezi Mei vyama vya wafanyakazi vikavunjwa. Billy Wilder, aliyeshiriki kuiandika filamu hii, aliikimbia nchi.

Twawaomba viongozi wa matawi waitafute na kuionyesha. Maandishi yake ni machache. Mtu mmoja aweza kuwasomea wenzake kwa Kiswahili.