Ziwa Lake Halali, Yeye Haramu?

Ndugu msomaji, huenda ukauliza: sheikh na sinema, wapi na wapi? Uliza, lakini kwanza nisikilize.

Mwaka 1939 Mjapani Kenji Mizoguchi alitengeneza filamu iitwayo Zangiku monogatari. Kisa chake ni cha zama za Meiji, katika nyumba ya waigizaji mashuhuri wa kabuki mjini Tokyo, ambako majina hurithiwa kama usultani. Kikunosuke, mtoto wa kulea wa nyumba hiyo, alisifiwa usoni kwa ajili ya jina la baba na kuchekwa kisogoni. Aliyemwambia kweli kwamba hajui kuigiza ni Otoku, mtumishi aliyeajiriwa kumnyonyesha mtoto mchanga wa nyumba ile. Kijana akampenda kwa kweli yake hiyo. Wakubwa wakamfukuza mwanamke.

Hapa ndipo ninapogombana nao. Maziwa ya Otoku yalikuwa safi kuingia mwilini mwa mtoto wao, lakini jina lake likawa najisi kuingia katika nasaba yao! Na sisi Waislamu hatuna udhuru, kwani Mtume wetu, rehema na amani zimshukie, alimheshimu Bibi Halima aliyemnyonyesha kama mama. Tena kwa fikihi yetu (wanafunzi wangu wataikumbuka mas-ala hii) ziwa lile lilimfanya Otoku mama wa yule mchanga. Kikunosuke hakulinyonya, basi kizuizi cha sheria hakikuwapo. Kilikuwapo kiburi. Wangapi wetu tunacho kiburi hicho, tukakipa jina la kufuu? Hutajwa msichana mwenye dini na tabia njema, nasi tukaanza kuuliza babu yake alikuwa nani.

Wala wewe kijana usishangilie. Wawili hao walikaa Osaka bila ya radhi ya wazee, wakatangatanga na kundi la waigizaji mafukara, na aliyelipa ni mwanamke. Afya ilimwishia yeye. Ni yeye aliyekwenda kumwombea mumewe nafasi jukwaani, akakubali sharti la kuachana naye ili apokelewe kwao. Mapenzi yasiyo na wazee nyuma yake humwacha mwanamke bila mtetezi.

Mwishowe baba akaridhia, akamkubali Otoku kuwa mke wa mwanawe. Lini? Siku Otoku yu kitandani anakata roho, na Kikunosuke yu juu ya mashua, akiinama kuwasalimu watu wanaomshangilia.