Sauti moja, kazi tano: msikilizaji wa Lac Vert amjue nani anayesema

Hapa Lac Vert, kambi ilipokuwepo, familia nyingi hazikuwa na televisheni. Zilikuwa na telefoni ndogo yenye redio ndani, au zilisikiliza redio ya jirani, maana shitingi haizuii sauti. Kwa hiyo mtangazaji ambaye kule Birere na Himbi anajulikana kwa sura na suti yake, huku kambini alijulikana kwa sauti tu. Na sauti hiyo, mama aliyepanga foleni ya maji aliisikia mara ngapi kwa siku? Asubuhi ilisoma habari. Saa nne ilimwambia anawe mikono kwa sabuni. Saa nane iliuza yuniti za telefoni. Jioni ilikuwa kwenye mchezo wa redio, imegeuka baba mkali anayekataa binti yake asisome. Usiku, kwa wenye bahati ya umeme, iliendesha mjadala kwenye televisheni ya hapa Goma.

Mtu ni mmoja, kazi ni tano. Ni mwenzetu, na mimi pia nimeitwa studio kusoma spoti za kulipwa, kwa hiyo sizungumzi kama mtu wa nje. Ninachosema ni hiki: kuigiza kwa sauti na kuongoza kipindi ni kazi mbili za heshima, na mtu anaweza kuzifanya zote, lakini katika mji kama wetu haziwezi kuchanganywa ovyo, kwa sababu gharama ya kuchanganya analipa msikilizaji.

Tuanze na tumbo, maana ndipo mambo yanapoanzia. Nani asiyejua jinsi watangazaji wa huku wanavyoishi? Wengi hawana mkataba. Mshahara ukija, unakuja nusu. Kinachobaki ni kupaje, ile bahasha anayotoa mwenye mkutano ili habari yake ipite. Kwa mtu wa namna hiyo, siku moja studio akisomea shirika ujumbe wa dakika moja inaweza kumlipa kuliko wiki nzima ya taarifa za habari. Angekataa kwa nini? Ana watoto na kodi ya nyumba. Wanaomlaumu mtangazaji kwa kutafuta kazi ya pili wamwonyeshe kwanza ile ya kwanza inayomlisha.

Tena kazi yenyewe si rahisi kama watu wanavyodhani. Maandishi mara nyingi yanakuja kwa Kifaransa, yameandikwa na mtu aliye mbali, yamejaa maneno ya ofisi. Msomaji anapewa nusu saa ayageuze Kiswahili ambacho bibi kutoka Masisi ataelewa, kisha ayasome kwa sekunde 45 bila kusikika kama anakimbia. Chumba kimefungwa kwa magodoro ili sauti isirudi, joto limejaa, na nje jenereta inanguruma. Katika mchezo wa redio ni vigumu zaidi: lazima ulie bila machozi kuonekana, uzeeke kwa koo tu, umpige mtu ambaye amesimama kando yako na karatasi mkononi. Wanaojua kazi hii ni mafundi, na ufundi wao unastahili bei.

Dar es Salaam kulikuwa na fundi wa aina yake, Derek Gaspar Mukandala, ambaye watu walimjua kwa jina la Lufufu. Alichukua filamu za nje, akazisimulia kwa Kiswahili juu ya sauti za waigizaji, akaongeza maelezo na utani wake, na watu wakajaa kwenye mabanda ya vidio kwa ajili yake kuliko kwa ajili ya filamu. Mtafiti Mjerumani Matthias Krings aliandika juu ya kazi hii na kuipa makala yake jina lenye maana ya kugeuza wali kuwa pilau. Nalipenda jina hilo. Lakini aliyeingia bandani kumsikiliza Lufufu alijua amekuja kula pilau. Mama wa Lac Vert alipofungua redio asubuhi alitaka wali mtupu, aone kila punje.

Maana huku sauti si burudani tu. Tarehe 27 mwezi wa tano 2021, siku tano baada ya Nyiragongo kulipuka, gavana wa kijeshi Constant Ndima alitangaza alfajiri kwamba kartiye 10 za Goma zihame. Mamia ya maelfu ya watu waliondoka, wengi wakashika barabara hii hii ya Sake. Asubuhi ile kila mtu aliuliza swali moja: nani amesema? Hawakuuliza kama amesema vizuri. Na mwaka 2024, tarehe 3 mwezi wa tano, mabomu yalipoanguka katika kambi za Lac Vert na Mugunga na kuua watu, watoto wakiwemo, kila upande wa vita ukashutumu mwingine. Familia zilizobaki zilitaka kujua mambo mawili: kumetulia, au tubebe tena magodoro? Sasa fikiri, sauti inayosoma habari kama hiyo ikatwe katikati, kisha sauti ileile irudi ikicheka kwa furaha ya yuniti za bure. Hakuna aliyedanganya. Lakini kuna kitu kimevunjika kwa yule anayesikiliza akiwa amekaa juu ya jiwe la volkeno na mzigo wake umefungwa.

Watu wengine wa redio huniambia msikilizaji si mjinga, anajua kutofautisha mchezo na habari. Si kila mara. Tanzania, Radio Tanzania ilianza mwaka 1993 mchezo wa Twende na Wakati, wenye dereva wa lori aitwaye Mkwaju, mlevi mwenye wanawake kila kituo. Inasimuliwa kwamba mwigizaji wake alikwenda sokoni, wanawake wakaitambua sauti yake, wakamtupia nyanya. Tunacheka, lakini tuangalie nini kilitokea: sauti ilibeba tabia ya mchezo mpaka sokoni. Ikiwa inaweza kubeba ubaya wa Mkwaju, inaweza pia kubeba uaminifu wa taarifa ya habari mpaka kwenye tangazo. Na hilo ndilo mashirika na makampuni yanalolipia. Hawanunui koo. Sauti nzuri ziko nyingi, kila kwaya ya Goma inazo kumi. Wananunua ile imani ambayo mtangazaji ameijenga kwa miaka kwa kusoma habari bila kupotosha.

Upande wa huku tuna mfano wetu, na ni wa kufikirisha. Shirika la La Benevolencija lilitayarisha mchezo wa redio kwa ajili ya mashariki ya Kongo, Kumbuka Kesho, wa kufundisha watu jinsi chuki inavyopandwa na jinsi ya kuizuia. Mtafiti Elizabeth Levy Paluck alifuatilia kazi hiyo kwa mwaka mmoja. Sehemu zote zilipata mchezo. Sehemu nyingine, zilizochaguliwa kwa kura, ziliongezewa kipindi cha mazungumzo baada ya mchezo, ambapo mtangazaji aliwahimiza wasikilizaji wajadiliane. Matokeo aliyotoa mwaka 2010 hayakuwa yale ambayo wengi wangetarajia. Waliopata kipindi cha mazungumzo walijadiliana zaidi, ndiyo. Lakini walikumbuka zaidi machungu yao, walivumiliana kidogo zaidi kuliko wale wa mchezo peke yake, na hawakuwa tayari sana kusaidia watu wasiowapenda.

Mimi nasoma matokeo hayo hivi. Mchezo unafanya kazi ya mbali: unasikiliza kijiji cha kubuni, unamwonea huruma mtu ambaye hayupo. Mtangazaji anafanya kazi ya karibu: anakutaja, anakualika useme yako, anafungua kidonda chako wewe. Mtu anayetoka studio ya mchezo saa tisa na kuingia studio ya mjadala saa kumi na moja hajabadilisha chumba tu. Amebadilisha jukumu. Mjadala unahitaji matayarisho, wageni wa pande mbili, na moyo wa kumkatiza anayechochea. Anayeufikia amechoka, koo limekauka kwa kuigiza, hana muda wa kusoma kitu, ataachia simu zipigwe tu. Na huku simu moja mbaya juu ya kabila la jirani inaweza kulala nje ya kila shitingi usiku huo.

Kuna tofauti nyingine ambayo kwangu ndiyo kubwa kuliko zote. Spoti haiulizwi swali. Inasema «nenda kituo cha afya», inanyamaza. Haikuambii kama kituo kina dawa leo, wala kama barabara ya kufika iko salama. Mwenye kipindi anaulizwa. Anapigiwa simu, anasimamishwa njiani, analazimika kujibu au kukubali kwamba atatafuta jibu. Anapoazima sauti yake kwa spoti, watu wanaendelea kumuuliza yeye. Nimesimamishwa zaidi ya mara moja kati ya mabloku na mama akiniuliza: «Papa, ile mulisema ya unga, ni habari ao ni matangazo?» Swali zuri kuliko mengi tunayouliza sisi kwenye mikutano ya waandishi.

Wakati wa Ebola tuliona hatari inaweza kufika wapi. Papy Mumbere Mahamba, mtangazaji wa redio ya jamii huko Lwemba, Ituri, alikuwa akihimiza watu wajikinge. Aliuawa nyumbani kwake mwezi wa kumi na moja 2019, baada ya kuongoza kipindi juu ya Ebola. Kosa ni la waliomuua, wao tu; yeye alikuwa anaokoa watu. Lakini mahali ambapo watu walishaanza kuona kampeni kama biashara ya wageni, mtangazaji akabaki ndiye uso pekee wa kampeni hiyo ulio karibu. Wenye ofisi wana ukuta na mlinzi. Mtangazaji wa kijiji ana mlango wa mbao.

Najua jibu watakalonipa wenzetu wa afya, na lina uzito. Mwaka 1994 kipindupindu kiliua maelfu na maelfu ya wakimbizi kutoka Rwanda papa hapa kwenye mawe haya, ambako hata kuchimba choo ni vita. Mwaka 2024 ilikuwa Mpox, dunia nzima ilitangaziwa hatari mwezi wa nane, na chanjo zilianza kutolewa Goma mwezi wa kumi. Wakati kama huo, si sauti inayoaminika ndiyo itumike? Itumike, nakubali kabisa. Lakini itumike kwenye kipindi, daktari au muuguzi akiwa kando, simu ziko wazi, na watu waulize kwa nini chanjo ilianza na wahudumu wa afya na waliokuwa karibu na wagonjwa, si kila mtu. Hiyo ni kazi ya habari, na shirika lisimlipe mtangazaji kwa hiyo. Redio yake imlipe. Mkataba wa Munich wa waandishi wa habari, wa mwaka 1971, ulishasema mwandishi asichanganye kazi yake na ya mtu wa matangazo.

Kwa hiyo, mwenzangu mwenye kipindi cha televisheni: igiza. Cheza baba mkali, cheza simba kwenye hadithi ya watoto, tia sauti kwenye filamu, hayo hayamdanganyi mtu. Ila spoti ya jambo unalolifuatilia kama mwandishi, iache. Ukisoma habari za msaada wa chakula, usisome tangazo la anayegawa chakula. Na kila ujumbe uliolipiwa, useme mwanzoni nani amelipa, mwanzoni kabisa, si mwishoni kwa sauti ya kunong'ona wakati watu wameshageuza masafa.

Kwa wenye mashirika nina neno refu kidogo. Mlitafuta sauti inayojulikana mjini ili ifike kambini, wakati kambini sauti zilikuwepo. Kati ya familia zilizofika hapa kutoka Masisi tangu 2023, na zile zilizoongezeka mwezi wa pili 2024 vita ilipofika karibu na Sake, kulikuwa na walimu, mashemasi, wasimulizi wa hadithi za jioni, na wamama ambao waliposema neno bloku nzima ilicheka. Wanajua Kihunde, Kinyarwanda na Kiswahili cha kweli cha milimani. Hawasomi habari popote, kwa hiyo hakuna imani ya habari wanayoiuza. Wafundisheni siku tatu mbele ya mikro, walipeni bei ileile mnayomlipa mtu wa televisheni, si sabuni na fulana. Na msiwaite «wajitolea» halafu mkaandika kwenye ripoti kwamba mmetumia sauti za jamii.

Spoti mpya zitarekodiwa tena, kama kawaida. Anayetafuta sauti hizo asianze kupiga simu mjini. Awatafute kwanza wale waliokuwa Lac Vert.