Wayang si Chambo

Katika kisiwa cha Java, Indonesia, watu hukesha wakitazama wayang: vikaragosi vya ngozi vinavyotupa vivuli kwenye pazia jeupe. Mtu mmoja, aitwaye dalang, huvichezesha vyote, humpa kila mhusika sauti yake, na huwaongoza wapigaji wa gamelan mpaka alfajiri. Visa vingi vimetoka katika Mahabharata na Ramayana, tenzi za Kihindu, ingawa Wajava wengi ni Waislamu.

Mwaka 1960, mjini Surakarta, bruda mmoja Mkatoliki alianzisha Wayang Wahyu, yaani wayang ya ufunuo. Gamelan ni ileile, ila visa ni vya Biblia. Kumbuka, ndugu mseminari, Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulikuwa bado haujaanza.

Wapo wanaosema kwamba kulitia Neno la Mungu katika burudani ni kulishushia hadhi. Wengine hushangilia: sanaa itatuvutia vijana! Kwa maoni yangu, wote wanakosea, maana wote wanaiona sanaa kama chambo tu. Dalang husomea kazi yake kwa miaka mingi. Anayetaka kuhubiri kwa wayang hana budi kuwa kwanza mwanafunzi wa wayang.

Na mwanafunzi mwenye subira atakutana na Semar, mtumishi mchekeshaji, mnene na mwenye sura ya kuchekesha. Kumbe ndani yake ni mungu, na ndiye anayethubutu kuwaambia wakuu ukweli. Semar si Kristo. Lakini jamii iliyomcheka na kumheshimu Semar kwa vizazi haishangai sana ikisikia habari za Bwana aliyejifunga kitambaa akawaosha wanafunzi wake miguu.

Waislamu nao wanalijua jambo hili. Miaka ya 1970 Rhoma Irama alitia mawaidha ya dini yake katika dangdut, muziki wa watu wa kawaida. Alisikilizwa kwa sababu muziki wenyewe aliumudu barabara.

Utamadunisho, basi, si kupamba Misa kwa ngoma ambayo hatujui inasema nini. Sisi tunaojiandaa kwa mimbari tunatumia miaka kujifunza kusema. Je, ni saa ngapi tumekaa na wazee na vijana wa parokia zetu, tukisikiliza wanachokiimba na kinachowachekesha? Tusipofanya hivyo, homilia zetu zitakuwa sahihi, na hakuna atakayezikumbuka akifika nyumbani.