Saa Iliyosimama Nairobi

Wapo watunzi wa hadithi wapendao kubuni mahali ambapo wakati umeganda: nje watu wazaliwa na kufa, ndani mshumaa haujapungua hata ncha. Kwetu sisi jambo hili si geni. Aliyekaa chuoni akaifikia Suratul Kahf awajua vijana waliolala pangoni miaka mia tatu na tisa, wakaamka wakidhani ni usingizi wa kutwa.

Mimi niisomapo sura hiyo siku ya Ijumaa, fikira zangu hukaa zaidi kwa watu wa mji kuliko kwa waliolala. Kijana alitumwa sokoni kutafuta chakula, na wafasiri wasema ni ile fedha yake ya kale iliyomfichua. Mji ukashindana. Wako waliotaka kujenga jengo juu yao, na walioshinda shauri wakataka msikiti. Suali basi ni hili: wakati ulioganda ukifichuka, walio hai waufanyeje?

Nauliza kwa sababu Nairobi ina mapango yake. Jirani na Msikiti wa Jamia, katika Mtaa wa Banda, ipo maktaba ya McMillan yenye simba wawili wa mawe mlangoni. Ilijengwa na Lady McMillan kwa kumkumbuka mumewe, ikafunguliwa mwaka 1931. Kwa zaidi ya miaka ishirini ilikuwa ya Wazungu peke yao. Alimu aliyehifadhi msahafu mzima aliweza kusali Jamia, lakini kitabu cha jirani hakumiliki hata kukigusa. Baraza la mji lilipoichukua mwaka 1962, umma ukafunguliwa milango. Hakuna aliyevunja jengo wala simba. Kilichovunjwa ni kile kizuizi cha rangi, na hivyo ndivyo ilivyostahili.

Sasa tufuate Barabara ya Ngong hadi Karen. Huko iko nyumba iliyojengwa 1912, alimoishi Karen Blixen, mwandishi wa Denmark, mpaka shamba lake la kahawa lilipofilisika akarejea kwao, mwaka ule ule wa 1931. Denmark iliitoa nyumba kwa Kenya wakati wa uhuru. Sinema ya kitabu chake ilitoka 1985, na mwaka uliofuata nyumba ikawa makumbusho. Baadhi ya vyombo vilivyomo ni vya bibi mwenyewe, na vingine vilitengenezwa kwa ajili ya sinema. Kumbe hata kugandisha wakati kwahitaji fundi! Sina ugomvi na nyumba ile. Nataka tu Wakikuyu waliokuwa wakiishi na kulima katika shamba lile wapewe nao chumba cha kusimuliwa habari zao, wasibaki watumishi wa pembeni katika hadithi ya mtu mwingine.

Lakini kabla ya kufika Karen, barabara ile imeipita Kibera. Hapa ndipo moyo wangu uumwapo. Askari wa Kinubi, Waislamu wenzetu waliotoka Sudan kulitumikia jeshi la Mwingereza, walianza kukalishwa hapo tangu 1904, na mwaka 1918 zaidi ya ekari 4,000 zikatangazwa kuwa ardhi ya jeshi. Waliruhusiwa kukaa, hawakupewa hati. Babu akajenga akafa, baba akarithi akafa, na mjukuu bado ahesabiwa mtu wa kukaa kwa hisani. Uhuru ulikuja 1963, na kwao saa ikabaki pale pale.

Hata uraia uliganda. Mwaka 2011 kamati ya Afrika ya haki za mtoto iliamua kwamba Kenya imekiuka haki ya watoto wa Kinubi ya kupata uraia. Kijana wa Kinubi aliyezaliwa Kibera alikwenda kuomba kitambulisho, akahojiwa kama yule wa pangoni mwenye fedha ya mfalme aliyekufa. Hati ya ardhi ilikuja 2017, nayo ni ya ekari 288. Twashukuru kwa kilichopatikana, lakini hesabu kila mtu aweza kuifanya.

Nasi wa pwani tusijifanye watazamaji. Sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908 iliacha wengi wetu tukiitwa maskwota chini ya minazi ya babu zetu. Twayajua maradhi haya.

Rai yangu ni kwamba pango si la kubomolewa wala si la kuabudiwa. Lataka kufunguliwa mlango, na aliyefungiwa nje au ndani apewe chake. Nyumba iliyotunzwa kwa hiari, na iendelee kutunzwa. Lakini watu waliogandishwa kwa karatasi, dawa yao ni karatasi: vitambulisho bila masimango, na hati za ardhi zenye kumtazama pia jirani asiye Mnubi ambaye naye amezaa na kuzika Kibera. Haki ya mmoja isigeuke dhuluma kwa mwingine.

Najua nitaambiwa yaliyopita si ndwele. Naam, yaliyopita si ndwele. Lakini ya Kibera hayajapita.