Kipimo Bila Bildi: Neno "Kina" katika Uhakiki wa Kiswahili

Ni nadra kuipata tasnifu ya fasihi ya Kiswahili isiyolitumia neno kina mapema katika utangulizi wake. Uchunguzi ni wa kina, dhamira zina kina, na mwandishi asiyependeza hana kina. Makala haya yanadai kwamba neno hilo, jinsi linavyotumiwa na wahakiki, si istilahi hata kidogo. Ni hukumu iliyovishwa joho la kipimo, na waliohukumiwa kwalo hawajaelezwa walipimwa kwa kitu gani. Miongoni mwao wamo waandishi na watambaji wa Kitui na Makueni.

Yafaa kwanza kulirudisha neno lilikozoea kukaa. Kwa nahodha, kina ni umbali kutoka uso wa maji hadi chini, nao hupimwa kwa bildi, yaani kipande cha risasi kilichofungwa kamba, na kuhesabiwa kwa pima. Kina chaweza kuwa kirefu au kifupi. Neno lenyewe halisifu wala halilaumu. Maji ya kina kifupi hukwamisha chombo, lakini katika kina kirefu mno nanga haishiki. Aidha, katika usemi wa kila siku Kiswahili hakina kivumishi cha pekee cha sifa hii. Mnazi ni mrefu, safari ni ndefu, na kisima nacho ni kirefu. Maneno yanapostahiki heshima, wazungumzaji husema kuwa ni mazito, au kwamba yana mambo ndani yake. Wao hutumia mizani, hawatii bildi. (Hapa haiguswi kina ya pili, ile silabi ya vina, ingawa wapo washairi waliosifiwa kwa moja ilhali walikuwa na nyingine tu.)

Sifa hiyo basi imetoka wapi? Kwa kiasi kikubwa imetoka katika darasa la Kiingereza. Neno deep ni la asili ya Kijerumani cha kale, ndugu wa maneno yenye maana ya kuchovya na kupiga mbizi. Na kwa muda mrefu limebeba pamoja maana ya shimo, ya bahari, ya usingizi, ya sauti nzito na ya fikra zisizoonekana kwa haraka. Profound lilipitia Kifaransa kutoka Kilatini, ambamo fundus ni sehemu ya chini kabisa ya kitu. Waingereza wenyewe hawakuliachia wazo hili litawale bila dhihaka: mwaka 1728 Alexander Pope alilichukua neno la Kigiriki lenye maana ya kina, bathos, akaliandikia kijitabu kizima cha kuwacheka washairi wanaozama wakidhani wanapaa. Wahakiki wa Kiswahili waliirithi sifa, wakaiacha dhihaka.

Urithi huo umekuwa na gharama. David Maillu, aliyezaliwa mwaka 1939 huko Kilungu katika Makueni ya leo, alichapisha My Dear Bottle mwaka 1973 na After 4.30 mwaka 1974 kupitia kampuni yake ya Comb Books. Vitabu hivyo vilisomwa na makarani, madereva na wanafunzi kwa wingi ambao vitabu vya mitaala havikuuota. Mwaka 1976 Tanzania ilivipiga marufuku. Vyuo vikuu havikuhitaji marufuku. Vilitosheka kusema kwamba kina Maillu hawana kina. Waliosema hivyo ni wachache waliotaja beti, wakaonyesha pale ambapo fikra ilianza na pale ilipokomea. Kitabu kinachomsikiliza karani wa kike saa ambayo ofisi inafungwa na bosi bado yupo kiliamuliwa kwa kichwa chake na kwa picha ya jalada.

Kisa cha John Mbiti, mzaliwa wa Mulango, Kitui, kinaidhihirisha kasoro hiyo vizuri zaidi, kwa kuwa hapa aliyehukumiwa na aliyesifiwa ni mtu mmoja. African Religions and Philosophy ya mwaka 1969 husifiwa kwa kina chake, hasa sura ya wakati, ambamo Mbiti alichunguza nyakati za vitenzi vya Kikamba akazipa dhana zake majina ya Kiswahili, Sasa na Zamani. Akamba Stories, mkusanyo wake wa mwaka 1966, husomwa kama akiba ya hadithi za watoto. Wanaoipenda sura ile hawaulizi nyakati hizo hufanya kazi gani mdomoni mwa mtambaji wa hadithi za aimu. Swali hilo lingewalazimisha kusoma ngano kwa subira ileile wanayoipa falsafa.

Na ajabu ni kwamba nchi yenyewe ya Ukambani inalikanusha fumbo hili la kina. Mito ya Tiva, Thwake na Kaiti ni mchanga mtupu kwa sehemu kubwa ya mwaka. Maji yamo ndani ya mchanga huo, na wanawake huyafikia kwa kuchimba kwa kata na mikono. Mabwawa ya mchanga, ambayo shirika la SASOL limeyajenga kwa mamia huko Kitui tangu miaka ya 1990, yamejengwa juu ya maarifa hayohayo. Visima vilivyotobolewa kwa mashine hadi chini ya miamba, kwa upande mwingine, vingi hutoa maji ya chumvi. Ludwig Krapf, ambaye kamusi yake ya Kiswahili ilitoka mwaka 1882, aliyajua hayo kwa koo lake. Mwaka 1851, baada ya mwenyeji wake Kivoi kuuawa karibu na mto Tana, alitangatanga peke yake kwa kiu, akaokolewa na kishimo ambacho nyani walikuwa wamekichimba mchangani. Alijaza maji hata katika mtutu wa bunduki.

Atatokea wa kusema kwamba maneno hupanuka, na kwamba kuwazuia wasomi wasiseme kina ni sawa na kuwazuia wasiseme bahari ya ushairi. La hasha! Anayesema bahari ya utenzi anaweza kuulizwa idadi ya mizani na mpangilio wa vina, naye atajibu. Anayesema riwaya ina kina na aulizwe vivyo hivyo: kina cha nini, kutoka uso upi hadi chini gani? Mtahini wa tasnifu ana haki ya kulirudisha neno hilo kila linapokosa jibu, hata likirudi mara ishirini katika sura moja. Na mwanafunzi atakayeanza na After 4.30, akahesabu zamu za wasemaji wake, akafuata jinsi karani anavyobadilisha sauti anapozungumza na bosi na anapozungumza na nafsi yake, atakuwa ameanza kazi ambayo imengoja tangu mwaka 1974.