Nelson Akae Rafu ya Pili

Kuna ugonjwa umewashika wanafunzi wetu wa udaktari: ugonjwa wa kitabu kikubwa. Mtu akikaribia zamu ya wodi ya watoto, anaanza kuuliza Nelson atampata wapi. Nelson Textbook of Pediatrics, juzuu mbili kutoka Marekani, kurasa zaidi ya 4,000. Asiye na pesa anaibeba kwenye simu, toleo lolote alilorushiwa na mwenzake. Ugomvi wangu unaanzia hapo kwenye "toleo lolote".

Kutoka hapa Matsangoni hadi Kilifi mjini ni nauli ya matatu tu. Pale hospitali ya kaunti, watafiti wa KEMRI na Wellcome Trust wapo tangu 1989. Kutoka pale Kathryn Maitland aliongoza utafiti wa FEAST, uliohusu watoto zaidi ya 3,000 Kenya, Uganda na Tanzania. Swali lao: mtoto ana homa kali, mikono baridi, damu haizunguki sawasawa, je, umfungulie dripu kwa kasi? Mafundisho yaliyotoka nchi tajiri yalisema mfungulie. Majibu yalitoka 2011. Katika kila watoto 100 waliopewa maji kwa kasi, 10 au 11 walifariki ndani ya saa 48. Kwa wale ambao hawakupewa kwa kasi, walifariki 7. Wenye kuhara sana na wenye utapiamlo mkali hawakuwemo, kwa hivyo mtu asiseme ati dripu ni sumu. Lakini watoto 3 katika 100 si wachache, uliza mama zao.

Sasa niambie, kitabu cha 2007 kwenye simu ya daktari mwanafunzi kinajua hayo? Kitayajuaje?

Wapo watakaosema Nelson ana kila kitu. Kweli, anacho. Ila mtoto haji saa nane za usiku na jina la ugonjwa wake. Mamake anakuja akisema mtoto ameingiwa na nyuni, wengine husema degedege, na inaweza kuwa malaria, uti wa mgongo au sukari kushuka. Hapo unataka kitabu kinachoanza na dalili: anapumua? damu inazunguka? anaitika? halafu dawa kwa kilo zake. Kitabu hicho tunacho. Wizara ya Afya ya Kenya inacho kwa jina la Basic Paediatric Protocols, chembamba, kina majedwali ya dozi, na kimerudiwa 2016 na tena 2022. Kwenye mtandao ni bure. Afisa wa kliniki anakijua. Mbona yule wa chuo kikuu anakiona kidogo kwake?

Na sisemi tuabudu kila kijitabu. Cha mfukoni cha WHO kilitoka upya 2013, miaka 2 baada ya FEAST, na bado kilibaki na ushauri wa zamani kuhusu dripu, hadi watafiti wakalalamika hadharani. Kwa hivyo kabla ya kununua uliza mawili: kimeandikwa mwaka gani, na kiliandikwa kwa kuwatazama watoto gani?

Wahadhiri nao wasijifiche. Mwanafunzi hununua kile anachojua atatahiniwa nacho. Tahinini kwa mwongozo wa Kenya, na utakuwa mfukoni mwa kila koti jeupe kabla ya wiki kwisha. Kaunti nayo ichapishe nakala, iweke kila zahanati, toleo jipya likitoka la zamani litolewe mezani.

Nelson asomwe, hasa kwa magonjwa ya nadra na kwa anayetaka kubobea. Ila akae rafu ya pili. Watoto wa Kilifi walishiriki kulijibu swali ambalo dunia nzima ilikuwa imelikosea. Angalau daktari atakayewatibu wadogo zao alisome jibu lao kwanza.